Kichwa Juu ya Meza

Kwanza kabisa, jana kwenye runinga sikupiga magoti kumwomba mzee wa watu radhi. Shemeji yangu anayeitembeza hiyo habari tangu jana usiku kwenye kundi la familia, kundi la mtaa, la kikoba cha mke wake, na asubuhi hii nimeikuta hadi kwenye kundi la wazazi wa darasa la tatu, muda ule alikuwa sebuleni kwake Tabata anakula ugali. Mimi ndiye niliyekuwa studio. Sasa nani aaminiwe? Najua, najua, nyie mna ile stika ya picha yangu. Nisikilizeni hivyohivyo.

Sikuzimia pia. Sikuwa nimelewa. Na wala sikuwa "nafundisha kwa vitendo", kama alivyoandika mwanafunzi wangu mmoja wa Kidato cha Sita aliyejificha nyuma ya picha ya Ronaldo akidhani simjui. Nakujua. Hata kwenye simu unaandika "hadisi" badala ya "hadithi". Tutaonana Jumatatu.

Kwa mliokuwa na shughuli zenu za maana jana saa tatu usiku: kuna kituo kimoja cha runinga, sitakitaja kwa kuwa bado nauli yangu hawajanilipa, waliandaa mjadala mubashara kumhusu Euphrase Kezilahabi, yule mwandishi wa riwaya na mashairi huru. Ni Januari, na marehemu alifariki tarehe 9 Januari 2020, kwa hiyo mwezi huu watu wa fasihi huwa tunakumbukwa kidogo kabla ya kusahaulika tena hadi mitihani. Mada iliandikwa kwenye skrini kwa herufi kubwa nyekundu: KEZILAHABI, NABII AU MKATISHA TAMAA? Mchambuzi waliyemtaka akapata udhuru saa za mwisho. Wakaulizana, nani mwingine? Mtu mmoja akawaambia kuna mwalimu wa Kiswahili hapa mjini, mtu wa Ukerewe, ukimgusia Kezilahabi hanyamazi.

Hilo la kutonyamaza ni kweli. Namagondo, kijiji alichozaliwa mwaka 1944, kwetu si jina la kwenye vitabu, tuna ndugu kule. Nimemlea huyu mtu vinywani mwa wanafunzi kwa miaka. Nikasema nakuja.

Tatizo likawa koti. Januari mnaijua: sare, madaftari, kodi, na mchango wa harusi ya mtu asiyekujua. Koti langu la pekee lilikwenda na panya tangu mwaka juzi. Shemeji akaniazima lake. Shemeji ni mtu wa mwili, nami ni mtu wa chaki. Nikilivaa lile koti linabaki na nafasi ya mpangaji. Mifuko yake ya pembeni ina vile vifuniko vya kuning'inia, vikubwa, vinafika karibu na goti. Wekeni akilini vifuniko hivyo, tutavirudia.

Nikafika mapema. Wakanipaka poda, wakanibana maikrofoni kwenye ukosi, waya wakaupitisha chini ya koti, ukazunguka nyuma ya mkono wa kiti hadi kwenye kijikopo fulani mgongoni. Viti vilikuwa vile vya ofisini, vya kuzunguka, vya kupanda na kushuka. Meza ilikuwa ndefu, nene, imefunikwa mbele kwa ubao wenye nembo ya kituo. Nikapanga karatasi zangu mezani kwa unadhifu: Wisconsin, alikopata udaktari wa falsafa, 1985; Botswana, alikofundisha; Dhifa, diwani yake, 2008. Nilikuwa nimejiandaa, jamani. Mtu asije akasema sikujiandaa.

Upande wa pili alikaa mzee mmoja mshairi kutoka Tanga. Kanzu imepigwa pasi hadi inakata, kofia ya viua, mkongojo ameuegemeza kwa heshima zake. Nikainama.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, mwanangu. Wewe ndiye wa upande wa Kezilahabi?"

"Ndiyo, mzee wangu."

"Pole."

Hatukuwa hata tumeanza.

Katikati yetu walikaa dada mtangazaji na mama mmoja mhadhiri wa chuo kikuu, ambaye kila mtu alimwita Daktari hadi yule kijana wa kuleta maji. Taa zikawaka, muziki ukapigwa, dada akatukaribisha kwa tabasamu, na mzee akapewa nafasi ya kwanza kwa sababu ya umri. Na hapo ndipo nilipogundua kwamba sikuja kujadiliana na mzee. Nilikuja kusomewa hitima.

"Mkono wa Kezilahabi siukatai," alianza, sauti ya upole kabisa. "Lakini tuhesabu maiti." Akainua kidole. Rosa wa Rosa Mistika, 1971: amejiua. Kidole cha pili. Kazimoto wa Kichwamaji, 1974: amejiua. Kidole cha tatu. Tumaini wa Dunia Uwanja wa Fujo, 1975: amenyongwa. "Mtu anamnyonga hata Tumaini! Sasa msomaji nimwachie nini?"

Studio nzima ikacheka. Mpiga kamera akacheka. Mimi mwenyewe nikacheka, halafu nikakumbuka niko upande gani, nikakohoa.

Akaendelea. Shaaban Robert naye aliiona dhuluma, tena dhuluma ya mkoloni, akaandika Kusadikika mwaka 1951. Lakini Karama, shujaa wa kitabu hicho, pamoja na mashtaka yote yale anatoka barazani mzima na mwenye heshima. Mzee alitaja mahali na mwaka aliozaliwa Shaaban Robert, Vibambani, 1909, kama mtu anayetaja kuzaliwa kwa baba yake mkubwa. Kisha akaja kwenye ushairi, akavua miwani. Kezilahabi, alisema, alivikuta vina na mizani vimekaa zao kwa amani tangu enzi za mababu, akaja na diwani yake ya Kichomi, 1974, akavichinja vyote bila hata kuvielekeza kibla. Na ile riwaya yake, Nagona? "Nagona nimeisoma. Nilipomaliza nikafunga nikaangalia jalada, nikidhani nimepewa kitabu ambacho hakijaisha."

Daktari akaingia. Akaleta udhanaishi, ile falsafa ya kuhoji maisha yana maana gani, akaleta ukengeushi, yaani mtu kujikuta mgeni kwao, akaviweka mezani vyote viwili dada mtangazaji akawa anatikisa kichwa kwa ujasiri. Lakini alisema jambo zuri, tena ninyi mnaotafuta "nukuu za mtihani" liandikeni: Kazimoto si mtu anayechukia maisha. Ni msomi aliyetolewa kijijini, akapelekwa chuo kikuu, akarudi hawezi tena kuamini wanachoamini wazazi wake, na kile alichopewa badala yake hakimjibu swali hata moja. Kitabu hakikutengeneza shimo lile. Kimelimulika tu. Tena akakumbusha kwamba mtu huyuhuyu wa maombolezo aliandika Kaputula la Marx, tamthilia ya rais anayevaa kaputula isiyomwenea na kujiona amependeza. Daktari aliposema "isiyomwenea" akatupa jicho kwenye koti langu. Nilijifanya sijaona.

Zamu yangu.

Nilikuwa vizuri. Naomba hili lihifadhiwe mahali, maana halina stika. Nilisema Rosa Mistika ilipigwa marufuku mashuleni kwa madai kwamba inaharibu watoto, na humo ndani anayeharibu mtoto ni baba. Zakaria anamcharaza binti yake kwa sababu ya barua ya mvulana. Anamlinda kwa fimbo, hamfundishi chochote, halafu binti anakwenda shule za mbali hajui hata anachoogopeshwa ni nini. Nikageukia kamera, nikasema: "Kezilahabi hakumuua Rosa. Sisi wazazi ndio tuliomuua, yeye ameandika cheti cha kifo tu." Daktari akasema "mmh!" ile ya kweli. Dada mtangazaji akanyamaza sekunde nzima, na kwenye runinga sekunde ni mali. Nikamwona hata kijana wa maji amesimama na trei.

Ndipo mzee akatabasamu. Ukiona mzee wa Tanga anatabasamu katikati ya malumbano, funga mlango.

"Mwanangu, umesema maneno mazuri, tena umeyasema kwa adabu. Mimi nakuuliza kitu kidogo tu. Nionyeshe mhusika mmoja wa Kezilahabi anayepanda. Mmoja. Maana mimi nikiwatazama wote naona njia yao ni moja." Akaelekeza kidole sakafuni. "Chini."

Dada akanigeukia. "Mwalimu?"

Taa nyekundu ya kamera yangu ikawaka. Nami nilikuwa na kombora. Nimelitunza tangu nyumbani, nimelifanyia mazoezi kwenye kioo cha bafuni. Ni hili: huyu mnayemwita mvunja nyumba za wazee, alipoandika tasnifu yake ya uzamili pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, mwaka 1976, alimwandika Shaaban Robert. Riwaya za Shaaban Robert! Yaani kabla ya kubomoa alikaa akasoma kila tofali. Ukimpiga mtu wa Tanga kwa Shaaban Robert hana pa kukimbilia.

Nikasogea mbele kidogo, nikajiweka sawa, nikavuta koti. Nikasema kwa sauti ile ya kwenye kioo:

"Si kweli hata kidogo, mzee wangu."

Fyuuu.

Sauti ndogo sana. Nilidhani ni kiyoyozi.

"Kezilahabi," nikaendelea, "hakuwadharau waliomtangulia." Na hapa nikaona jambo la ajabu: meza inapanda. Wallahi nilidhani ni meza. Niliwaza, hawa watu wa runinga wana teknolojia, pengine wakikaribia hoja nzito meza huinuka yenyewe. Viwiko vyangu vilivyokuwa vimeegemea vizuri vikawa vimening'inia kwapani. Nikaviondoa kistaarabu.

Fyuuuu.

"Tena nawaambia watazamaji, mwaka 1976..." Ukingo wa meza uko kwenye kifungo cha pili cha koti. Sasa nimeelewa. Ni mimi. Ni mimi ninayekwenda. Kiti kinashuka, polepole, kwa heshima, kiti hakina haraka kabisa. Akili ikagawanyika. Nusu inasema nyamaza, mwambie dada kuna hitilafu. Nusu nyingine, ile ya ualimu, ile iliyowahi kufundisha Ngeli za Nomino mvua ikipenya kwenye paa, inasema usikatize kipindi.

Nikachagua kipindi.

"...pale Chuo Kikuu cha Dar es Salaam..." Meza iko kwenye tai. Karatasi zangu sizioni tena, naona ubavu wake tu, mstari mweupe. "...alimaliza tasnifu yake ya uzamili, na tasnifu ile ilimhusu..." Nikainua kidevu ili kipite juu ya meza. "...Shaaban..." Kidevu kimetua. "...Robert."

Nikatua.

Mbele yetu kulikuwa na runinga ya kujitazama. Nikajitazama. Nisingewaombea hata adui. Kulikuwa na mzee mwenye kanzu, kamili. Mtangazaji, kamili. Daktari, kamili. Na mwisho wa meza kulikuwa na kichwa. Kichwa tu, kimewekwa juu ya meza kama dafu linalosubiri mteja, kimepakwa poda, kinaongea. Na chini ya skrini ule ukanda wa maandishi ulikuwa umefika sawasawa mdomoni pangu, kwa hiyo pale ambapo mtu ana mdomo mimi nilikuwa na MCHAMBUZI WA FASIHI.

Hiyo ndiyo picha. Hiyo ndiyo stika. Na neno ambalo shemeji ameliandika chini yake, nafikiri hata wasiosoma fasihi sasa wamejua Kezilahabi ana riwaya inaitwaje.

Ngojeni, sijafika pabaya.

Nikasema moyoni, simama. Mtu mzima husimama. Nikajiinua kidogo kutoka kwenye kiti, na kumbe kile kiti kilikuwa na roho. Nilipokipunguzia uzito tu, kikapanda. Kikanifuata. Kikanipiga kwa chini kwa nguvu ambayo sitaielezea hapa kwa sababu mama mkwe yumo kwenye ukurasa huu. Nataka kusimama kabisa, waya wa maikrofoni umezunguka mkono wa kiti, unanivuta shingo nyuma. Kwa hiyo mimi na kiti tukapanda pamoja, kwa kasi, kutoka kidevu hadi kifungo cha pili hadi kimo changu nilichokuja nacho na ziada kidogo. Kwa sekunde moja nilikuwa mrefu kuliko watu wote pale mezani.

Mzee akanitazama. Akaweka miwani.

"Alaa! Huyu amepanda."

Nami, badala ya kubaki nimeinama hivyohivyo hadi matangazo, nilifurahi. Nikaketi.

Fyuuuuuuu.

"Basi," akasema mzee, kwa huzuni ya kweli. "Ameshuka."

Dada mtangazaji alikuwa ameziba uso kwa karatasi za maswali, na karatasi zilikuwa zinatetemeka. Daktari, Mungu ambariki, alijaribu kunisaidia kwa siri. Akapitisha mkono chini ya meza kutafuta kile kijiti cha kurekebishia kiti, akakishika, akakivuta. Kumbe alichoshika ni mguu wa suruali yangu. Nikapiga yowe. Maikrofoni ilikuwa hai.

Na hapo, kwa sababu siku ikiamua imeamua, mtu chumba cha mitambo akadhani ni wakati mzuri wa kupokea simu ya mtazamaji.

"Halo, nani mwenzetu?"

"Naitwa baba fulani, napiga kutoka Mbagala. Kipindi kizuri sana. Mimi nina swali kwa mwalimu."

Kichwa kikajibu: "Karibu, ndugu."

"Mwalimu, umekalia ndoo?"

Wakaenda matangazo.

Yaliyofuata ni madogo. Kijana mmoja wa mitambo akaingia chini ya meza na tochi, akatoka na jibu: kifuniko cha mfuko wa koti la shemeji kilikuwa kimenasa kwenye kijiti cha kiti, kila nikisogea kinakivuta. Akakichomoa kwa nguvu. Krrr. Wakaniletea viti vya plastiki, viwili vimepachikwa kimoja juu ya kingine, ndio nikalingana na wenzangu. Tuliporudi hewani Daktari alifunga hoja, mzee alifunga hoja, mimi nikafunga hoja. Hoja yangu ilikuwa juu ya Gamba la Nyoka, 1979, na operesheni ya vijiji, jinsi Kezilahabi alivyowaandika wanavijiji waliohamishwa kwa nguvu wakati wengine wanatunga nyimbo za kusifu. Ilikuwa hoja nzito. Nitajieni mtu mmoja aliyeisikia.

Tulipotoka mzee alinishika bega, akaniambia, "Ile ya tasnifu ya Shaaban Robert sikuwa naijua. Umenipiga." Hiyo haimo kwenye stika yenu. Akaongeza, "Bahati mbaya ulinipiga kutoka chini."

Nyumbani nilikuta simu ina ujumbe mia na kitu. Mama alipiga kutoka Ukerewe, ametazama kwa jirani, hakujali Kezilahabi wala udhanaishi. Alitaka kujua kitu kimoja: "Mwanangu, wenzako wote wamepewa viti, kwa nini wewe hawakukupa?" Nikamweleza habari ya kijiti na kifuniko cha mfuko. Akanyamaza. Kisha akasema nisirudi tena kwa watu wale.

Shemeji amekuja asubuhi kukagua koti. Ameona mfuko. Sasa anasema koti lake lilikuwa zima na mimi nimelichana, na anataka nimpeleke kwa fundi kabla ya Jumamosi kwa kuwa ana harusi. Nikamuuliza, kwa hiyo unakubali kwamba ni koti lililonasa, si mimi niliyepiga magoti kumwomba mzee radhi? Akasema hayo ni mambo mawili tofauti. Kundi la familia bado linasoma toleo la magoti.

Shuleni ndiyo usiseme. Nimeingia Kidato cha Sita, darasa limetulia kupita kiasi. Wameteleza wote kwenye viti vyao hadi videvu vimetua kwenye madawati. Vichwa arobaini vinanitazama. Kiranja, kwa kidevu hichohicho, akasema: "Shikamoo, mwalimu." Nikafundisha kipindi kizima. Tulikuwa na Kichwamaji, ndivyo ratiba ilivyosema, si kosa langu. Na nakiri walisoma kuliko siku zote, maana kila mmoja alitaka kujua hasa kile kitabu kina nini. Mkuu wa shule naye akaniita ofisini, akasema hongera mwalimu, umeitangaza shule. Halafu akageukia dirishani muda mrefu, mabega yakimcheza.

Yote hayo nilikuwa nimeshayameza. Kilichonifanya niketi niandike ni hiki kilichoingia mchana huu. Mzee wa Tanga ameomba namba yangu kwa dada mtangazaji. Amenitumia shairi, na najua amewatumia pia malenga wenzake, kwa kuwa limeshanirudia kutoka kwa watu wa Pemba:

Niliona kwa yakini, jambo lililopendeza,
Msomi yuko kitini, huku anajieleza,
Kadiri azama chini, maneno anaongeza,
Guni halina mizani, ndipo akashika meza.

Mnaona ukatili huo? Nane kwa nane. Hakuna silabi iliyozidi. Nimehesabu mara nne nikitafuta kosa, sikulipata. "Guni halina mizani, ndipo akashika meza", na guni ni shairi lisilofuata vina na mizani, yaani ameniangusha mimi, kiti na mashairi huru yote tangu 1974 katika mshororo mmoja.

Na mila ya malumbano mnaijua: ukitungiwa, unajibu, tena kwa vina vilevile na bahari ileile. Nisipojibu nimeshindwa. Nikijibu kwa shairi huru atasema nimekimbia. Nikijibu kwa vina na mizani, mimi, mtu niliyekaa mbele ya nchi nzima kutetea Kichomi, atakuwa ameshinda kabla hajasoma.

Nimeamua kujibu kwa vina. Kezilahabi atanisamehe, hakuwahi kutungiwa na mzee huyu. Hadi sasa nina mshororo mmoja: "Mzee wangu mwendani, shikamoo napongeza." Wa pili nilianza "Kiti kile cha studioni", nikahesabu kwa vidole pale chumba cha walimu, ikawa tisa. Mwalimu wa Hisabati akahesabu naye, ikawa tisa.

Kwa hiyo acheni stika kidogo mfanye kazi. Natafuta kipande cha mizani nane kinachomaanisha kiti, kiishie na ni. Na upande wa pili neno lolote linaloishia na eza, isipokuwa meza. Shemeji asichangie.